Directrice Amewahamisha Wanawe

Alhamisi, 28 Agosti 2025

Vita kwenye mti wa avoka! Saa kumi na mbili asubuhi, sijanywa hata chai. Nilidhani ni paka. Kumbe kindi — wanne! Jike mbele, madume matatu nyuma, wanazunguka shina mpaka nikapata kizunguzungu kwa kuwatazama tu. Jike anatoa sauti ya chini, kama mtu anayenung'unika usingizini. Akipanda, wanapanda. Akisimama, wanasimama na kusukumana. Mwisho dume moja kubwa, lenye sikio lililochanika, likawafukuza wenzake. Halafu jambo lenyewe likaisha kwa sekunde chache. Kelele zote zile!

Nimeamua kuandika. Daftari hili la maandalizi limebaki na kurasa, shule inafunguliwa Jumatatu, na sina mtu wa kumsimulia mambo ya kindi. Rolly angenicheka. Rolly ni mdogo wangu kwa kuzaliwa, lakini nimemlea mimi tangu ana miezi minane, mama alipofariki. Nilikuwa na miaka ishirini na mbili na mchumba. Mchumba hakungoja. Baba naye alitutoka, akatuachia nyumba ya matofali aliyoipata kiwandani hapa Likasi, na mti huu alioupanda mwenyewe. Ndio ukoo wetu: mimi, Rolly, nyumba, mti.

Jike nimempa jina. Directrice. Anatembea na mkia juu kama mwalimu mkuu wetu akikagua madarasa.

Jumapili, 31 Agosti

Baada ya misa nikakaa kibarazani. Sikio Lililochanika yupo, anatafuna, anajikuna. Hajaleta hata jani moja. Directrice peke yake ndiye anayekagua tundu — lile lililobaki pale tawi lilipovunjwa na dhoruba. Anaingia, anatoka, ananusa, anaingia tena. Baba wa watoto hana habari.

Rolly kaja na wazo. Choo kimejaa, anasema, tuchimbe fosse, shimo la choo la kisasa. Marafiki zake watafanya kazi, mimi niwapikie tu. Nilifurahi, sitaficha. Miaka ishirini na saba, ndiyo mara ya kwanza kuifikiria nyumba hii! Alirudi kutoka migodi ya Kakanda mwezi wa sita na kikohozi na mikono mitupu, na tangu hapo amekuwa analala tu na kuchezea simu.

Anataka ichimbwe karibu na mti. Nikamuuliza kwa nini isiwe nyuma ya jiko, mahali watu wote wanapochimba. "Kule ni mawe, yaya. Huku bulongo iko laini." Yaya, dada mkubwa, ndivyo anavyoniita. Udongo anaujua yeye, ndiye mchimbaji. Mimi ni mwalimu wa darasa la nne.

Jumamosi, 20 Septemba

Leo Directrice ametandika! Majani makavu, nyuzi za gunia, na — mwizi huyu — kipande cha pamba kutoka kwenye godoro langu lililokuwa juani. Safari kumi na saba kabla ya saa tatu. Nimezihesabu. Anayabana majani mdomoni mpaka haoni mbele, na bado halikosi tundu.

Nikiwa nahesabu safari ya kumi na mbili au kumi na tatu Rolly akaja na karatasi. Ruhusa ya fosse, ya ofisi ya mtaa. "Mama, signe hapa." Akiniita mama huwa ana haja. Mkono wake ulikuwa juu ya maandishi, kidole kinaonyesha mstari wa chini. Nikatia sahihi juu ya goti langu, jicho kwenye mti, nisipoteze hesabu.

Jambo jingine, na limenikera. Kuna kindi kijana, bila shaka mtoto wake wa uzazi uliopita, hulala naye tundu moja na kusafishwa naye manyoya. Leo jioni alitaka kuingia kama kawaida. Directrice akamrukia! Akamuuma mkiani, akamfukuza mpaka juu ya ukuta wa jirani yetu Jenny. Kijana akarudi, akafukuzwa. Akarudi tena. Mara ya nne akabaki ukutani, amejikunyata. Mama gani huyu! Nilimrushia Directrice ganda la karanga kwa hasira.

Jumatano, 8 Oktoba

Wamekuja. Wanaume wanne pamoja na Rolly. Wamefunika kwa turubai la bluu ili mvua ikianza isijaze shimo. Nimewaachia bukari, ugali wetu, na mboga ya matembele kabla ya kwenda shule. Nimerudi saa saba, sufuria zimelambwa, Rolly ana udongo mpaka kwenye kope na anacheka. Sijamwona akicheka hivyo tangu ubatizo wake wa pili, ule wa kanisa la maombi, ambao sikuupenda.

Directrice mzito sasa. Tumbo linagusa tawi.

Ijumaa, 24 Oktoba

Amezaa! Sijaona, lakini najua. Jana hakutoka mchana kutwa. Leo ametoka mara moja tu, tumbo limelegea, chuchu zimevimba na manyoya yamelowa kuzizunguka. Siku hamsini na saba tangu vita ile ya Agosti! Kitabu cha zamani cha masista, kilichoko kwenye kabati la shule, kinasema wiki nane hivi. Nimekuwa hodari kuliko kitabu.

Watoto wa darasa la nne nimewaambia. Wanauliza baba yuko wapi. Nimewaambia anakula avoka.

Jumapili, 26 Oktoba

Siku njema. Niiandike vizuri.

Rolly alinikuta natazama juu nikiwa nimesimama kwenye kiti, mtu mzima, kitambaa kimenidondoka. Badala ya kunicheka akavua viatu. "Weye utaanguka, yaya. Leta simu." Akapanda. Directrice alikuwa ametoka kula. Rolly akaingiza simu kwenye tundu, akapiga picha tatu, akashuka na michubuko kwenye goti.

Wawili. Wadogo kuliko kidole gumba changu. Manyoya membamba kama vumbi la chaki, macho yamefumba, wamelala mmoja juu ya mwingine ndani ya pamba ya godoro langu. Tulitazama picha ile kichwa kwa kichwa. Nikamwambia hata yeye alikuwa hivyo, nilikuwa namlaza kwenye sanduku la vitenge pembeni mwa jiko kwa sababu ya baridi. Akavaa viatu. Kisha akasema, "Minye sikusahau, yaya," akaenda shimoni. Siku ya Bwana! Nikamsamehe kufanya kazi Jumapili.

Jumamosi, 1 Novemba

Watakatifu wote. Nimepeleka maua kwa mama na baba.

Directrice amechachamaa. Anasimama mdomoni mwa tundu, mkia unapigapiga, anatoa mlio wa tak-tak-tak bila kupumzika. Nilitafuta nyoka. Nilitafuta mwewe. Hakuna. Anatazama chini, kwenye turubai. Watoto nao bila shaka wamefumbua macho siku hizi, kitabu kinasema siku nane hivi. Kitu cha kwanza kukiona duniani ni mama yao anapiga kelele!

Jenny kanisimamisha ukutani. Yeye anakaanga mikate na kuuza mbele ya nyumba yake, haoni haya kuuliza lolote. "Maman enseignante, ile fosse yenu, banatosha bulongo kila siku. Sasa ile bulongo inaendaka wapi?" Nikamjibu udongo wanaoutoa Rolly anauuza kwa wajenzi. Akatazama sufuria yake. "Bon," akasema, "kama weye iko najua, basi."

Kama najua! Najua nini?

Jumatano, 5 Novemba

Najua.

Nitaandika yote.

Siku kumi zilizopita nilikuta jiwe karibu na turubai. Zuri, zito, lina mistari. Nililiosha nikaliweka juu ya madaftari ya wanafunzi, upepo usiyapeperushe. Leo mwanafunzi mmoja aliyekuja kuchukua daftari lake akalitazama akaniuliza, kwa adabu kabisa, Madame, na nyinyi mnachimba kwenu?

Jiwe ni la kijani. Ni shaba! Mtoto wa Likasi asiyelijua jiwe la kijani hayupo. Baba alikuwa akirudi nalo kwenye soli za viatu. Nililijua nilipoliokota. Nililijua nilipokuwa naliosha. Nikaliweka juu ya madaftari, nikaenda kupika chakula cha wachimbaji.

Fosse gani ina watu wanne kwa mwezi mzima? Fosse gani inafunikwa hata jua likiwaka? Nimemfundisha Rolly kusoma mimi mwenyewe, mezani hapa. Nilimfundisha kutosema uongo kwenye meza hii hii.

Nimempa chakula chake. Ameniambia kimekosa chumvi.

Jumanne, 11 Novemba

Leo nilirudi mapema, walimu tulikuwa na mkutano ambao haukufanyika. Saa nne.

Nikafungua geti nikamwona Directrice akishuka shina, kichwa chini, na kitu mdomoni. Nilidhani tunda. Mtoto! Amemkamata kwa ngozi ya tumbo, mtoto amejikunja na kumzungushia mama miguu shingoni kama shali. Akapita ukutani mbio, akapanda mti wa jakaranda wa Jenny, akapotea kwenye tundu huko. Akarudi. Mdomo mtupu. Akapanda mti wetu, akatoka na wa pili. Safari hii akasimama kidogo ukutani, akapumua, akamshika vizuri zaidi, akaenda. Kisha akarudi tena! Nikajiuliza kama kuna wa tatu. Hapana. Aliingia ndani ya tundu, akatoka, akachungulia tena. Alikuwa anahakikisha hakuna aliyebaki.

Ndipo nikautazama mti. Umeinama. Sijui tangu lini. Nimeutazama kila asubuhi kwa wiki kumi, tawi kwa tawi, na sikuona kuwa umeinama.

Nikainua turubai. Hakuna mtu juu, kamba tu na ngazi ya miti. Fosse ni shimo la kwenda chini. Hili linashuka kama urefu wa watu watatu halafu linapinda — linaingia chini ya mizizi na kuelekea nyumba. Nikasikia sururu. Haikulia shimoni. Ililia nyuma yangu, upande wa chumba changu.

Nikaingia chumbani. Nikapiga magoti. Wako chini ya kitanda changu, wanagonga. Nilisikia hata mmoja akikohoa. Kikohozi kile nimekisikiliza tangu utoto wake, kifua kile nimekipaka mafuta ya mikaratusi usiku na usiku.

Nikagonga sakafu kwa kisigino. Mara tatu. Sururu ikanyamaza.

Rolly alipopanda juu hakukana. Hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi, hakuona hata haja ya kukana! Mtaa mzima unachimba, alisema. Walimu, ma-pasteur wa makanisa, hata mwenye duka la dawa kule kwenye kona. "Yaya, chini ya hii nyumba iko bintu! Papa alikufa maskini juu yake. Minye nilikuwa nataka nikujengee ingine, muzuri, ukae bien." Nikamuuliza kwa nini hakuniambia. "Ungekatala."

Ndiyo. Ningekataa. Kwa hiyo yeye alijua jibu langu, akalizunguka kama anavyozunguka mizizi.

Jumatano, 12 Novemba

Sikwenda shule. Mara ya kwanza kwa miaka kumi na tisa bila ugonjwa.

Saa tatu akaja mtu anayeitwa Évariste, viatu vyake havina vumbi, naye amenisalimia vizuri, "Maman, shikamoo," mpaka nikamkaribisha kiti. Yeye ndiye mnunuzi wa mawe. Akatoa nakala ya karatasi. Si ruhusa ya fosse wala nini. Imeandikwa kwamba mwenye nyumba anakubali uchimbaji chini ya parcelle yote, kiwanja kizima, na ataiacha nyumba wazi ifikapo mwisho wa Novemba kwa usalama wa wakazi. Kwa usalama! Na chini, kwa mwandiko wangu, sahihi yangu. Imepinda kidogo kwa sababu niliandika gotini.

Mimi ninayewafundisha watoto kusoma swali mara mbili kabla ya kujibu.

Rolly alikuwa amesimama dirishani, anatazama nje. Évariste akaniambia kwa upole kwamba kijana alisema mama yake amekubali. Mama yake. Alinitaja hivyo huko.

Nikafungua sanduku la bati chini ya kabati. Karatasi ya nyumba ya baba haipo. Cheti cha ndoa cha wazazi kipo. Kadi za ubatizo zipo. Ile kadi ya kliniki ya Rolly, ya kupimwa uzito, yenye alama zangu za wino za kila mwezi — ameiacha. Hiyo haina mnunuzi.

Alhamisi, 13 Novemba

Jenny alijua tangu Septemba! Wachimbaji walikuwa wananunua mikate kwake na kuzungumza. Nikamuuliza kwa nini hakunipasulia ukweli. "Ule ni mutoto yako," akasema. "Muntu anaambiaka mama mubaya ya mutoto yake? Nilikuuliza bulongo inaenda wapi. Nilikuuliza, ju ya heshima." Kisha akalia, akanipa mikate bure. Nikaikataa. Kisha nikaila. Njaa haina aibu.

Ukutani mwa chumba changu kuna ufa. Jana ulikuwa unaishia kwenye msalaba nilioutundika. Leo umeupita.

Ijumaa, 14 Novemba

Ofisi ya mtaa wamenisikiliza. Karani akasoma nakala, akasema kesi ipo, lakini lazima niandike kwamba nilidanganywa, na nimtaje aliyenidanganya kwa jina kamili. Jina kamili! Wataanza kumkamata yeye, Évariste baadaye, labda. Akanipa fomu: niijaze pale pale au nirudi nayo? Nikasema nitarudi Jumatatu. Jumatatu ndiyo siku ambayo watu wa Évariste wanaanza tena kugonga chini ya chumba.

Fomu ninayo. Iko hapa. Nimeijaza yote isipokuwa mstari mmoja.

Jumamosi, 15 Novemba

Asubuhi Directrice alitoka kwenye jakaranda la Jenny na wanawe wawili nyuma yake. Siku ishirini na mbili! Ndiyo mara yao ya kwanza nje. Mmoja jasiri, akafika mwisho wa tawi akagundua hakuna tawi tena, akaganda. Mama akamfuata, akamlamba kichwa, akamgeuza kwa pua. Mwingine alirudi tunduni mara moja, akatoa pua tu. Nilicheka kwa sauti. Nilikuwa nimesahau kwamba naweza.

Kisha akatokea yule kijana, mkubwa sasa, mkia mzima. Akasogea polepole. Directrice akamngoja mpaka karibu — nikadhani atampokea — akamrukia. Kijana akashuka, akakaa ukutani. Safari hii sikumrushia mama ganda. Nilimtazama usoni. Hakuwa na hasira hata kidogo. Alirudi tunduni, akaanza kula kama hakuna kilichotokea. Ana wawili wa kulinda, basi. Mimi sina wawili. Nilikuwa na huyu mmoja, na ndiye ninayetakiwa kuilinda nyumba dhidi yake.

Saa sita Rolly alipokwenda kwa Évariste nikanunua kufuli jipya kwa geti. Nikatoa begi lake la Kakanda. Nikatia suruali nne, viatu vya mpira, taa ya kichwani, Biblia. Mashati nikayakuta yamekunjamana. Nikawasha makaa, nikajaza pasi, nikayanyoosha yote saba, kola kwanza, kama anavyopenda. Nilikuwa kwenye shati la mwisho nilipojishtukia. Nani anampigia pasi mtu anayemfukuza?

Nikamalizia hata hivyo. Kadi ya kliniki nikaitia ndani. Kisha nikaitoa. Iko juu ya fomu, jiwe la kijani limekaa juu ya vyote viwili.

Sasa ni saa kumi. Yuko getini. Kwanza alidhani kufuli limeshika kutu, akalitikisa. "Yaya, fungula." Kisha akaelewa. Anasema nisimwaibishe mbele ya watu. Anasema amekuja kunisaidia kuhamisha vitanda, ameleta mkokoteni. Kweli, nauona kati ya mabati. Anasema Évariste ameshatoa neno lake kwa wengine, haliwezi kurudi nyuma, na yeye akibaki nje mimi nitafanya nini peke yangu? Swali zuri. Jenny ameacha kukaanga, anatazama.

Naandika ili mikono iwe na kazi.

Anagonga kwa kiganja sasa, si kwa ngumi. Amekohoa. Ufa umefika dirishani, naweza kupitisha ncha ya kalamu.

Ameacha kugonga. Anaita. Si yaya tena.

"Mama. Mama, mvua inaanza."

Na kweli inaanza. Hana koti. Nililiweka koti kwenye begi, juu kabisa, asihangaike kulitafuta. Na begi liko huku ndani, na ufunguo ninao mimi.